Mluzi Ndani ya Baa

Lucian, mwenye baa, aliposikia mluzi, aliruka kaunta, akamvuta mzee mmoja mchunga kondoo kwa kola, na wote wawili wakaenda chini pamoja na bia.

Hakuna kilichoanguka kutoka juu. Darini palikuwa na boriti tu, nyeusi kwa moshi wa miaka mingi.

"We bwana, una wazimu?" mzee akafoka, ndevu zikichuruzika bia. "Namwita mbwa wangu!"

Baa nzima ikaangua kicheko. "Si tulisema? Huyu wa London, mtu wa maigizo, ataiweza wapi baa ya huku Yorkshire!"

Lucian akaokota kofia ya mzee. Akamrudishia.

"Nisamehe, mzee wangu. Kwetu wote ni waigizaji; mimi ndiye niliyekuwa naandaa maonyesho. Jukwaani, mluzi ndiyo ishara ya kushusha mapazia mazito. Siku moja fundi mgeni alipiga mluzi kwa furaha zake tu. Wenzake kule juu wakaachia kamba. Baba alikuwa amesimama chini ya mapazia hayo."

Kicheko kikakatika.

Mzee akamiminiwa bia nyingine, akainywa. Alipoinuka kuondoka, akapeleka vidole viwili mdomoni, kama alivyozoea.

Akasita. Akatazama boriti, akamtazama Lucian. Kisha akatoka peke yake kwenye mvua, akaufunga mlango.

Mluzi ukasikika huko nje.

Mbwa wake akatoka chini ya meza, akaukwaruza mlango, akageuka kumtazama mwenye baa.

Lucian akaenda kumfungulia, bila kutazama juu.