Kengele ya Marehemu

Kwa Watindai, wafugaji wa kuhamahama, mtu akifa huzikwa na kengele ya fahali wake, ili ng'ombe wa ahera wamtambue. Neremi ndiye aliyeiweka kengele kifuani pa mumewe kwa mikono yake. Leo, akiuza samli mjini, aliisikia ikilia mlangoni pa duka, kwa mkwaruzo ule ule wa ufa wake. Akaweka chini kibuyu cha samli, akamwendea mwenye duka.

"Umeipata wapi hii, baba?"

"Kwa mwanao, mama," akajibu mwenye duka. "Ameniuzia asubuhi, akasema ni urithi wa baba yake."

Neremi akashika mwimo wa mlango. Ng'ambo ya barabara mwanawe alikuwa anakuja akitabasamu, amelikunjua shuka jipya alilomnunulia mama yake, linampepea usoni.