Rafiki wa Nkwimba

Siku hizo wanyama wote wa porini walikuwa wamepandikizwa kamera machoni, na walichokiona wao, serikali nayo ilikiona. Kumuua mmoja wao kulikuwa kosa la kifungo. Nkwimba, mtoto wa miaka sita, hakuyajua hayo. Alijua tu kwamba nguchiro wa kule vichakani ni rafiki yake, na asubuhi moja nguchiro huyo alimfuata mpaka jikoni.

Mama yake alimwona mnyama mlangoni, akaacha kusonga ugali. Juu yao, darini, alikuwa amejificha baba, Luhende, aliyetoroka kazi ya lazima ya migodini.

Kamera hizo hazikusikia, kwa hiyo mama alitabasamu huku akisema, "Nkwimba mwanangu, mnyama huyu atarudi tena humu ndani, na siku moja atamwona baba. Baba lazima aondoke sasa. Mtoe rafiki yako nje, umshughulishe."

Nkwimba aliketi uani, akampakata nguchiro na kumlisha yai la kuchemsha. Nyuma yao baba alishuka polepole, akapita kando ya ghala la mtama kuelekea bondeni.

"Usigeuke," mama alimwambia, bado anatabasamu. "Mtazame rafiki yako tu."

Nkwimba alijikaza. Lakini baba alikuwa anaondoka bila kumuaga, naye alikuwa mtoto. Aligeuza shingo amwone.

Nguchiro aliacha kutafuna. Akageuka naye, atazame kule anakotazama rafiki yake.