Njia ya Ndoo

Nyumba za bondeni zilikuwa zimefurika maji mara tatu, na mpima ardhi alitaka kujua kijito kilipita wapi kabla hakijafukiwa. Aliyekumbuka alibaki mmoja, Bi Nangasu, mjane aliyeishi peke yake.

"Nipe ndoo ya maji," alisema. "Bila mzigo miguu haikumbuki."

"Bibi, utaiangusha!"

"Nilichota hapa kabla baba yako hajatahiriwa."

Alijitwika, akapita kati ya kuta na magari. Mpima alimwaga chokaa nyuma yake. Kila nyumba iliyokuwa juu ya mstari ingebomolewa, mtaro uchimbwe.

Bi Nangasu alisimama mlangoni kwake.

"Umechoka, bibi?"

Maji yalitikisika ndooni, yakatulia.

"Nifungulie," alisema. "Mikono yangu imeshika ndoo."