Okidi ya Chumbani kwa Mwanakombo

Okidi ya siku hizi humjua mlezi wake kwa pumzi. Ikichanua, humgeukia kama mtoto amwonapo mamake. Ndiyo maana Mwanakombo aliwaalika majirani chumbani kwake walione ua lake la kwanza. Mbegu zilikuwa laini kama vumbi. Alizipanda mwenyewe ndani ya chupa, kisha akauhamishia mche kwenye chungu cha mkaa na magome, kando ya kitanda. Ni mwaka jana tu, alipokwenda kumuuguza mama yake, ndipo alipomwachia mumewe, Shehe, aunyunyizie maji.

Aliliinamia ua. Halikutikisika. Shehe akasogea, nalo kimya.

Rukia, shoga yake wa nyumba ya pili, akaingia na sinia la kahawa.

"Hongera, shoga! Kumbe chumba chako kizuri hivi? Leo ndiyo kwanza nakiona."

Ua likageuka taratibu, likamwelekea Rukia.

"Ni mwanga huo," Shehe akasema, na dirisha liko upande wa pili.

Mwanakombo alikitwaa kichupa cha kunyunyizia, akamtia Rukia mkononi.

"Haya, shoga. Mwanao ana kiu."