Moto wa Jumamosi

Hedwig alibisha kwa kiwiko, kama kawaida yake, akaingia kabla hajakaribishwa. Jumamosi ni Sabato, na dini ya Bi Fradel inamkataza Myahudi kuwasha moto siku hiyo. Kwa hiyo tangu zamani jirani huyo Mkristo ndiye aliyemwashia jiko la kuni wakati wa baridi, kisha akaondoka na kipande kinono cha mkate wa kusukwa.

Leo alikuwa na beji ya chama kifuani, mpya, inang'aa. Jana sauti yake ilipanda hadi dirishani hapa pamoja na za wenzake barabarani: "Wayahudi watoke!" Na leo kaja, macho makavu, anautazama mkate.

"Yale ya jana usiyatie moyoni, Bi Fradel," alisema akipiga magoti mbele ya jiko. "Wewe si kama Wayahudi wengine."

"Hao wengine, unamjua nani?"

Hedwig alifikiri, kibiriti mkononi. "Nakujua wewe tu."

Bi Fradel akasonya. Angeweza kumfukuza, lakini hata neno la kumfukuzia aliona ni kulipoteza bure. Alivaa koti, akajifunga mtandio, akafungua dirisha la kwanza, kisha la pili, kisha mlango wenyewe. Theluji ikaingia ndani. Akaketi mezani, akaumega mkate, akaanza kula taratibu.

Hedwig aliwasha njiti. Upepo ukaizima.

Akawasha nyingine.