Sanamu ya Nungunungu

Wa kwanza kuisimulia habari hii ni Bi Kobe, aliyekuwepo, mwaka wa pili baada ya nzige. Nungunungu alisimamisha uwanjani sanamu ya mianzi yenye matundu, iliyoimba kila upepo ulipopita. Kasuku akaona wivu.

"Isipoimba kesho kabla ya adhuhuri, mzee, uing'oe."

Upepo ulikuwa wa kila siku, Nungunungu akakubali. Kesho yake hata jani halikutikisika. Adhuhuri ikakaribia.

Kasuku akatua juu ya sanamu. "Bubu hili!" akacheka, akipigapiga mabawa kwa furaha.

Upepo wa mabawa ukaingia matunduni. Mianzi ikaimba.

"Ahsante, mwanangu," akasema Nungunungu. "Endelea kucheka."

Bi Kobe na Nungunungu wameshafariki. Kasuku yu hai, na siku zisizo na upepo yeye ndiye huitwa.