Dakika Sita za Koplo Nakijwa

Dada yangu Nakijwa ni koplo wa Jeshi la Anga za Juu. Kazi yake ni kulinda setilaiti zetu zisiibwe. Sheria yao ni kwamba mwanajeshi huongea na nyumbani pale tu kituo chake kinapopita juu ya paa la kwao, yaani dakika sita kila Jumamosi.

Sasa mpe Mama dakika sita uone.

"Shikamoo Mama. Kuna jambo nataka—"

"Marahaba mwanangu. Umeamkaje?"

"Salama. Sasa Mama—"

"Na wenzako? Kamanda je? Yule wa Iringa mafua yamepona?"

Mafua, angani! Wiki tatu mfululizo dakika zote ziliishia kwenye salamu, nami nikacheka mpaka nikapaliwa na chai.

"Mama, wewe hata adui utamuulizia shangazi zake kwanza!" nikamwambia.

Jumamosi iliyopita, salamu zilipokwisha kula dakika tatu, nikamnyang'anya Mama simu. "Dada, leo ruka salamu. Sema!"

"Nimechaguliwa kwenda kambi ya Mwezini, miaka kumi. Mama asiporidhia siendi, na mwisho wa kujibu ni leo."

Zilibaki dakika mbili. Nikamgeukia Mama. Hakushtuka hata kidogo. Kumbe barua ya jeshi ya kuomba ridhaa yake alishaisoma tangu mwezi uliopita. Akachukua simu, akajiweka sawa kwenye kiti.

"Mwanangu," akasema kwa upole, "na huyo unayelala naye chumba kimoja, mama yake hajambo?"

Dakika ya mwisho ikaanza kuyoyoma.

"Hajambo, Mama," Nakijwa akajibu. "Anakusalimu sana."